Alama za Kilichofutwa: Mhadhara Juu ya William Kentridge



Naomba idhini nizungumze jioni ya leo juu ya William Kentridge wa Johannesburg, mtu ambaye wachoraji humhesabu kuwa mwenzao, watu wa sinema humdai kuwa ni wao, na watu wa tamthilia na opera humwita kila wapatapo fedha za kumwita. Sikuja kumsifu, maana sifa amekwisha kuzipata za kumtosha. Nimekuja kuonyesha kwamba fani hizo tatu, zikiwa mkononi mwake, ni tendo moja tu, nalo ni kufuta kitu huku ukihakikisha kwamba alama ya kilichofutwa inabaki na inaonekana. Tukilielewa tendo hilo vizuri, tutaelewa pia kwa nini kazi aliyoionyesha London mwaka 2018 inatuhusu sisi wa Dar es Salaam na Nairobi kuliko ilivyowahusu wengi wa wale walionunua tikiti.

Wahenga walinena kwamba mshika mbili moja humponyoka, na mtu yeyote aliyekaa karibu na wasanii kwa muda atakiri kwamba aghalabu ndivyo ilivyo: anayepaka rangi asubuhi, akaigiza adhuhuri, akapiga sinema usiku, huishia kuwa na vyombo vingi na kazi haba. Kentridge naye hakusalimika na methali hiyo. Alisoma siasa na taaluma za Afrika katika Chuo Kikuu cha Witwatersrand hadi mwaka 1976, kisha akajifunza kuchora kwa Bill Ainslie katika Johannesburg Art Foundation. Akashirikiana na vijana wenzake katika kundi la tamthilia la Junction Avenue. Mwaka 1981 akaenda Paris katika shule ya Jacques Lecoq, ambamo watu hufunzwa kusema kwa mwili kabla ya kusema kwa kinywa. Na huko, kwa maneno yake mwenyewe aliyoyarudia mara nyingi, ndiko alikotambua kwamba uigizaji haukuwa riziki yake. Rangi za mafuta zilimshinda, uigizaji ukamponyoka, na kazi ya kutengeneza filamu za kawaida haikumkalia. Kilichosalia mkononi, baada ya hayo yote kuanguka, kilikuwa kipande cha mkaa wa kuchorea, na kwa mkaa huo vile vilivyomponyoka vikaanza kumrudia kimoja baada ya kingine.

Lakini nisitangulize mambo. Alizaliwa tarehe 28 Aprili 1955 katika ukoo wa Kiyahudi ambao wazee wake walihamia Afrika Kusini kutoka Lithuania, na nyumba yao ilikuwa nyumba ya sheria. Baba yake, Sydney Kentridge, alikuwa miongoni mwa mawakili wa utetezi katika ile kesi kubwa ya uhaini iliyotokana na ukamataji wa mwaka 1956 na kumalizika mwaka 1961 kwa kuachiwa huru washtakiwa, Nelson Mandela akiwa mmoja wao. Na mwaka 1977 huyo huyo ndiye aliyesimama kwa niaba ya jamaa za Steve Biko katika uchunguzi wa kifo chake. Mama yake, Felicia, naye wakili, alikuwa mmoja wa waasisi wa Legal Resources Centre, taasisi iliyoanzishwa mwaka 1979 ili kuwatetea wale ambao sheria ya ubaguzi iliwakanyaga na mifuko yao haikuweza kumlipa mtetezi.

Kuna kisa ambacho kila aandikaye juu ya mtu huyu hukitaja, nami ingawa naona kimetumiwa kupita kiasi, sina budi kukipitia. Alipokuwa na umri wa miaka sita aliingia katika chumba cha kazi cha baba yake, akaona mezani kisanduku bapa cha manjano, akadhani ni cha chokoleti. Alipokifunua akakuta picha za maiti za watu waliopigwa risasi Sharpeville tarehe 21 Machi 1960, siku ambayo polisi waliua watu 69. Wengi hukichukua kisa hiki kuwa ufunguo wa huzuni yake yote, kana kwamba msanii ni mlango wenye kufuli moja. Mimi nakichukua kwa kitu kidogo zaidi: picha zile hazikuwa pambo wala habari za gazeti; zilikuwa ushahidi, zimewekwa na wakili kwa ajili ya shauri. Mtoto aliyelelewa mahali ambapo tundu la risasi mgongoni mwa mtu ni hoja, na ambapo karatasi iliyopotea huweza kuharibu haki ya aliyekufa, hujifunza mapema kuheshimu alama.

Sasa tuingie katika chumba chake cha kazi, kwa maana hapo ndipo penye uzito wa maneno yangu. Karatasi kubwa hubandikwa ukutani, na upande wa pili wa chumba, hatua kadhaa kutoka pale, kamera ya filamu husimama juu ya miguu yake mitatu. Hakuna hadithi iliyoandikwa, wala orodha ya matukio. Msanii huchora kwa mkaa, huiendea kamera, hupiga picha moja au mbili, hurudi kwenye karatasi, hufuta mkono wa mtu aliyemchora na kuuchora tena juu kidogo ya pale ulipokuwa, huiendea kamera tena, hupiga, hurudi; na hivyo hivyo kutwa nzima, akitembea baina ya ukuta na kamera, hata mwisho wa siku awe amepata nukta chache tu za sinema, kwa kuwa kila nukta moja hula picha 24. Katika filamu za katuni tulizozizoea, kila picha huchorwa upya juu ya karatasi yake, maelfu kwa maelfu, ili isionekane athari ya picha iliyotangulia. Kwa Kentridge karatasi ni ile ile. Filamu ya Felix in Exile ya mwaka 1994 ilitokana na michoro 40 tu, na kila mmoja wa michoro hiyo umebeba juu yake wingu la kijivu la mambo yote yaliyopita hapo: mkono ulipoinuka ukaacha vumbi lake, gari lilipopita likaacha mkia, na aliyekuwa amesimama akaondoka ameacha kivuli chake mahali pake. Mkaa haufutiki ukaisha. Yeye alikuja kuona kwamba kosa hilo la chombo ndilo alilokuwa akilitafuta.

Kwa njia hiyo alianza mwaka 1989 mfululizo wa filamu fupi aliouita Drawings for Projection, ambao filamu yake ya kwanza iliitwa Johannesburg, 2nd Greatest City After Paris, jina lenye kejeli ya mtu aliyewahi kuishi Paris na kurudi kwao. Humo kuna watu wawili wakuu: Soho Eckstein, tajiri wa migodi, ambaye hata kitandani huvaa suti yake ya mistari, na Felix Teitlebaum, mwenye ndoto, ambaye huonekana uchi, na ambaye sura yake ni sura ya msanii mwenyewe. Wapo waliodhani kwamba Soho ni dhalimu na Felix ni mwema, na mambo yakaishia hapo. Kadiri filamu zilivyoendelea, tajiri naye alianza kuchukua sura ya mchoraji, mpaka ikawa vigumu kumlaani mmoja bila kumgusa mwingine; na huo kwa rai yangu ndio uaminifu mkubwa wa mfululizo ule, kwa maana mtu mweupe wa Johannesburg, hata awe mwana wa wakili wa Mandela, alikuwa akila mezani palipoandaliwa na migodi.

Naomba tukae kidogo na filamu moja, Mine ya mwaka 1991, ambayo urefu wake ni kama dakika sita. Soho yumo kitandani, mbele yake kifungua kinywa, na kwenye sinia birika la kioo la kahawa, la aina ile yenye kijiti cha kusukumia machicha chini. Anakisukuma kijiti. Kijiti kinashuka, kinafika chini ya birika wala hakisimami. Kinatoboa sinia, kinatoboa kitanda, kinaingia ardhini, kinapita katika mabweni ambamo wanaume wamelala wamepangwa juu ya mbao kama shehena, kinapita mahali wanapooga, kinazidi kushuka mpaka kwenye mashimo ambamo watu waliojikunja wanapasua mwamba. Na katika safari hiyo mistari ya njia za chini kwa chini inajikusanya na kuwa ramani ya jahazi la watumwa, wale watu wamepangwa kichwa kwa miguu. Hakuna neno linalosemwa. Mtu anakunywa kahawa yake ya asubuhi, basi, na sisi tumeona inakotoka. Sijui hotuba ya siasa, na nimezisikia nyingi, iliyoeleza uhusiano wa kitanda cha juu na kitanda cha chini kwa ufasaha kama kijiti kile.

Johannesburg yenyewe ilimsaidia. Mji huo ulizaliwa na dhahabu iliyogunduliwa mwaka 1886, na vilima vinavyouzunguka vingi havikuumbwa na Mola bali vimerundikwa na wanadamu kwa mchanga uliotolewa migodini. Halafu, ujuzi ulipoendelea na bei ya dhahabu ikapanda, vilima hivyo vikaanza kuchotwa upya ili yatolewe masalio ya dhahabu yaliyobaki, na kilima alichokizoea mtoto akienda shule akakikosa alipokuwa mtu mzima. Mtu anayeishi mahali ambapo hata milima hufutwa hahitaji kufundishwa kwamba ardhi haina kumbukumbu. Katika Felix in Exile, iliyomalizika muda mfupi kabla ya uchaguzi ule wa kwanza wa watu wote, mwanamke Mwafrika aitwaye Nandi, mpima ardhi, anaitazama nchi kwa darubini ya kupimia na kuzichora maiti zilizolala nyikani. Magazeti yanaruka na kuzifunika maiti, kisha maiti na magazeti vinamezwa na udongo, na palipolala mtu pakabaki kinundu cha ardhi tu. Mwisho Nandi naye anapigwa risasi na kumezwa. Nchi ilikuwa inajiandaa kushangilia, na Kentridge alikuwa akiuliza ni nani atakayewahesabu.

Swali hilo alilipeleka pia jukwaani, na huko hakusimama kama mwigizaji. Tume ya Ukweli na Maridhiano, chini ya Askofu Mkuu Desmond Tutu, ilipoanza kusikiliza watu mwaka 1996, yeye na kundi la vikaragosi la Handspring, pamoja na mwandishi Jane Taylor, walitunga tamthilia iitwayo Ubu and the Truth Commission, iliyoonyeshwa mwaka uliofuata. Walikuwa na maneno halisi ya mama waliosimulia jinsi watoto wao walivyouawa, na hapo ikazuka kadhia ya adabu: je, ni halali mwigizaji, mwenye afya yake na mshahara wake, asimame jukwaani ajifanye mama yule na kulia machozi ya kuigiza? Walijibu kwa vikaragosi vya mti. Shahidi alikuwa kikaragosi, kimeshikwa na watu wawili wanaoonekana waziwazi, nyuso zao zimekielekea kwa huruma na makini, na maneno ya shahidi yanatafsiriwa na mtu aliye ndani ya kibanda cha kioo; na kibanda hicho hicho, katika onyesho jingine, ndicho bafu ambamo muuaji anaosha dhambi zake. Hadhira haikudanganywa hata dakika moja kwamba ule mti ni mama, na kwa hiyo ikamsikiliza mama. Katika kazi zake zote za jukwaani, na nazijumlisha opera kubwa alizozitengeneza New York, Amsterdam na Salzburg, hakuna inayonishawishi kama hii.

Kazi yake ya Roma, ambayo nayo ni ya kufuta, nitaipita kwa haraka. Mwaka 2016, katika kuta za mto Tiber, alitengeneza msafara wa watu na farasi na mizigo wenye urefu wa mita 500, bila kupaka tone la rangi: violezo vikubwa viliwekwa ukutani, maji ya nguvu yakapigwa kuzunguka violezo, uchafu wa miaka mingi ukaondoka pembeni na kubaki ndani ya umbo, nao uchafu huo ndio picha. Maji yalifanya kazi ya kifutio, na miaka ikipita ukuta ungejichafua tena na picha ingepotea, jambo ambalo aliliridhia tangu mwanzo.

Nafikia sasa ile kazi ya mwaka 2018, The Head & the Load, iliyofunguliwa katika ukumbi wa Turbine Hall wa Tate Modern, London, jina lake limetokana na methali ya Ghana isemayo kwamba kichwa na mzigo ni taabu za shingo. Maudhui yake ni Waafrika waliobebeshwa Vita Kuu ya Kwanza, na hapa hadhira hii haihitaji kuelezwa sana, maana vita vile vilipita uani kwetu. Tangu Agosti 1914 hadi tarehe 25 Novemba 1918, siku kamanda wa Wajerumani, von Lettow-Vorbeck, aliposalimisha silaha Abercorn, mahali paitwapo Mbala leo, majeshi yalifukuzana katika nchi yenye mbung'o, ambamo punda na ng'ombe walikufa kabla ya kufika popote. Basi risasi, unga, mahema, mizinga iliyofunguliwa vipande na pombe za maofisa zikapandishwa juu ya vichwa vya watu. Kwa upande wa Waingereza peke yake wapagazi walikaribia milioni moja, na waliokufa, ambao hesabu ya serikali ilikiri kuwa ni zaidi ya 95,000, wengi wao hawakufa kwa risasi; walikufa kwa kuhara damu, kwa homa, kwa kichomi na kwa njaa. Jina la kikosi chao, Carrier Corps, lilisalia midomoni mwetu: Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi ni jina moja.

Katika onyesho lile jukwaa lilikuwa refu mno, hata mtazamaji asiweze kuliona lote kwa mtazamo mmoja, na nyuma yake kiwambo kirefu vilevile. Watu walipita katika msafara, kila mmoja amebeba kichwani kitu kilichokatwa kwa ubao, na taa zilizowekwa mbele yao zikatupa vivuli vyao kwenye kiwambo vikawa vikubwa kama majitu. Vivuli hivyo vikachanganyika na michoro ya mkaa na filamu zilizorushwa hapo hapo, mpaka mtu asijue ni kivuli kipi cha mwenye roho na kipi cha mkaa. Muziki uliandaliwa na Philip Miller pamoja na Thuthuka Sibisi, na uchezaji ukaongozwa na Gregory Maqoma. Maneno yalichanganywa kwa makusudi: maandishi ya Frantz Fanon kwa Kiswati, amri za kijeshi, methali za Kitswana zilizokusanywa na Sol Plaatje, na mkutano wa Berlin, ule uliotugawa, ukafanywa kuwa kelele zisizo na maana yoyote, wajumbe wakitoa sauti kwa adabu na heshima zote. John Chilembwe wa Nyasaland, aliyelalamika kwa waraka mwaka 1914 kwamba Waafrika wanamwaga damu kwa ugomvi usio wao, na akauawa mwaka uliofuata baada ya kuinua silaha, naye yumo. Hapa mkaa, mwili na filamu vimekutana mahali pamoja, na kila kimoja kinahitajika: mwili uonyeshe uzito wa mzigo, kivuli kionyeshe mtu aliyefutwa, filamu ionyeshe kwamba ufutaji haukukamilika.

Hata hivyo nina neno la kutofautiana naye. Sisi tuna desturi yetu ya kuhifadhi vita, nayo ni utenzi: Hemedi bin Abdallah el-Buhriy alitunga juu ya vita vya Wadachi katika Mrima, na Abdul Karim bin Jamaliddini alitunga juu ya Maji Maji, na katika tenzi hizo mambo hufuatana, mtu hutajwa kwa jina, jina la baba na mahali alipotoka, ili jamaa zake wamjue. Kentridge huvunja kila kitu vipande. Ana hoja yake: historia ya watu hawa imetufikia vipande vipande, na anayeiunganisha ikawa laini amesema uongo. Naikubali hoja hiyo kwa mtu wa London, ambaye hakujua hata kwamba kulikuwa na wapagazi. Kwa mjukuu wa mpagazi haitoshi. Yeye kelele zile anazo tayari, anachokosa ni jina. Kivuli, hata kiwe kikubwa kama nyumba, hakina jina la baba.

Na upungufu huo si wa msanii mmoja. Sanamu ya askari iliyosimamishwa Dar es Salaam mwaka 1927, ambayo wengi wetu tumeipita bila kuitazama, ina mtu mmoja tu, naye ameshika bunduki. Ile ya Nairobi, iliyofuata mwaka mmoja baadaye, ina watu watatu, na mmoja wao ni mpagazi, ambaye hana jina. Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri katika taarifa yake kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine kufikia 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakuwekewa kumbukumbu kwa majina, au hawakuwekewa kabisa.

Kwa hiyo ombi langu nalielekeza kwa vijana wa Bagamoyo wanaosomea sanaa, na kwa wale wa vyuo vyetu wanaojaribu kuunganisha ngoma, uchoraji na sinema: mtazameni Kentridge, mjifunze kutembea baina ya ukuta na kamera, lakini kabla hamjawasha taa nendeni Kilwa, nendeni Songea, nendeni Kitui, mkae na wazee, mwandike majina ya waliochukuliwa Kariakoo wasirudi, kwa maana wajukuu wanaoyakumbuka wamekwisha kuwa wachache.